Idhini Aliyoisubiri Bi Kimya

Ndugu, jamaa, majirani na nyote mliokuja kutushika mkono: tunayemzika leo alizaliwa tarehe 9 Agosti 1963, katika nyumba nambari kumi na saba, safu ya pili ya nyumba za wafanyakazi wa kiwanda cha nguo. Alikuwa mtoto wa pili na wa mwisho wa baba aliyesimamia chumba cha kufuma, na mama aliyepika katika zahanati ya kiwanda. Dada yake alikuwa amekwisha kutimiza miaka tisa. Nyumba ilikuwa na vyumba viwili mbele na kimoja uani, na katika hicho cha uani aliishi bibi yao, mzaa baba, ambaye alizungumza lugha ya kwao tu, wala hakuijua nyingine.

Hapana budi chumba hicho kielezwe, kwa kuwa moyo wa marehemu haukupata kutoka ndani yake hadi mwisho wa uhai wake. Baba alipopandishwa cheo mwaka 1960, alipiga marufuku lugha ya Bibi nyumbani. Siku zile wasemaji wa lugha hiyo walihesabiwa kuwa watu wa kufagia pamba iliyoanguka sakafuni, si watu wa kusimamia mashine. Dada alikuwa amekwisha kuijua, kwani alikulia mgongoni mwa Bibi. Marehemu alizaliwa marufuku imekwisha kukomaa, naye hakuambulia hata salamu. Yeye na Bibi waliishi ua mmoja kwa miaka minane wakipendana kwa ishara. Bibi alimsuka nywele, akamgeuza kichwa kwa kidole, na alipomaliza alimgusa shavu kumaanisha, haya, nenda kacheze. Bibi alifariki mwaka 1971. Marehemu alizoea kusema kwamba alimjua bibi yake kama mtu aliyetazama filamu ambayo mtu mwingine amezima sauti.

Alisoma shule ya msingi ya kiwanda kuanzia mwaka 1970 hadi 1976, kisha shule ya sekondari ya bweni hadi 1980. Mwalimu wake wa historia aliandika katika ripoti ya mwaka wa tatu: “Anauliza maswali ambayo hayamo katika mtihani.” Baba aliisoma sentensi hiyo kwa sauti mara mbili mezani, asijue kama amesifiwa au amelalamikiwa. Mwishowe akaikunja ripoti akasema, “Basi na yeye mwalimu ajibu.” Mwaka 1982 marehemu aliingia chuo cha utangazaji, akahitimu mwaka 1984 katika fani ya kunasa sauti, akiwa mwanamke pekee wa darasa lake.

Aliajiriwa katika shirika la utangazaji mwaka 1985. Huko ndiko alikopata jina ambalo wengi wenu mnalijua kuliko lile la cheti chake. Ni desturi ya wanasa sauti kwamba mazungumzo yakikwisha, kila mtu hutakiwa kunyamaza mahali alipo kwa dakika moja, ili unaswe ukimya wa chumba kile. Mhariri huutumia kuziba mapengo baadaye. Wengi katika kazi hiyo huruka hatua hiyo wakiwa na haraka. Yeye hakuiruka kamwe. Siku moja, katika karakana ya fundi cherehani, aliinua mkono kama kawaida yake.

“Jamani, kimya. Nanasa sauti ya chumba.”

“Chumba kina sauti gani, Bi, na sote tumenyamaza?”

“Hiyo hiyo ya kunyamaza kwenu.”

“Basi iweke vizuri,” akasema fundi. “Mke wangu hataamini kwamba iliwahi kutokea.”

Vijana wa cherehani walicheka, dakika ikaharibika, ikabidi waanze upya. Tangu siku hiyo akaitwa Bi Kimya. Waliokaa naye meza moja watakumbuka kwamba jina hilo lilivifaa vyombo vyake tu. Yeye mwenyewe hakuwa na simile katika maneno.

Filamu yake ya kwanza aliitengeneza mwaka 1991, juu ya wanawake wafinyanzi. Mfinyanzi mmoja alisema mbele ya kamera kwamba vyungu vilivyouzwa kwa jina la ukoo wa mumewe alivifinyanga yeye peke yake, na kwamba wakwe zake hawakujua hata kuchagua udongo. Filamu ilirushwa hewani. Wakwe waliitazama wakiwa wamejaa katika duka la kuuzia redio na televisheni, pamoja na wateja wao. Kabla ya mwezi kwisha, mfinyanzi alikuwa amerudishwa kwao pamoja na watoto wake. Marehemu alimfuata kumwomba radhi. Yule mama hakumfokea. Alimwuliza tu, “Mbona hukunionyesha kwanza? Ningekuambia, mwanangu, hapo pakate.”

Sentensi hiyo ilimwongoza kwa miaka thelathini na mitatu. Alijiwekea sheria: hakuna filamu yake itakayoonyeshwa kwa mtu wa nje kabla kila aliyemo hajaketi, akajitazama, akasema ndiyo. Na aliyekufa kabla ya kutazama, ndiyo au hapana yake itasemwa na mkubwa wa watoto wake. Hakusema mwenye kisomo, wala mwenye nguvu, wala yule wanayeelewana, alisema mkubwa. Kwa sheria hiyo alitengeneza filamu sita: ya vinyozi waliobadili majina ili wapate wateja, ya maharusi waliofunga ndoa mbili kwa desturi mbili ili kuridhisha pande zote, ya wafanyakazi wa kiwanda baada ya milango kufungwa mwaka 1998, na nyinginezo. Baadhi ya filamu hizo zilipoteza robo nzima kwa neno la mtu mmoja. Wenzake walimtania kwamba kazi zake zinaongozwa na kamati ya ukoo.

“Heri kamati ya ukoo,” aliwajibu, “kuliko mahakama ya ukoo.”

Tarehe 12 Desemba 1992 alifunga ndoa na fundi wa vyombo wa shirika lile. Mumewe husimulia kwamba alikuwa akiletewa kinasa sauti kimoja kila mara, naye akikifungua hakioni ubovu. Hatimaye alimwambia, “Dada, chombo hiki hakina ugonjwa. Labda tumpime mwenye nacho.” Marehemu akamjibu, “Umechelewa kugundua kwa fundi anayesifiwa hivyo.” Walijaliwa binti mmoja mwaka 1995, ambaye sasa ni mkadiriaji wa majengo. Ndoa yao ilidumu hadi kifo, na katika nyumba yao kila chumba kilikuwa na kiti kilichojaa nyaya ambacho mgeni hakuruhusiwa kukikalia.

Tunafika sasa kwenye filamu ya saba chini ya sheria hiyo, na hapa hatutapamba neno. Aliianza mwaka 2009. Ilihusu lugha zilizoachwa langoni mwa kiwanda, na nini kiliwapata watoto wa walioziacha. Alirekodi wazee wengi wa safu zile za nyumba. Baba yake mwenyewe alikataa kwa miaka saba. Halafu mwaka 2016, akiwa na umri wa miaka themanini na minane, alimpigia simu akasema, “Njoo na mashine yako.” Aliketi katika chumba cha uani, akaeleza jinsi wakubwa wa kiwanda walivyokuwa wakija nyumbani, na jinsi Bibi alivyokuwa akiambiwa akae ndani mpaka waondoke. Siku moja Bibi alitoka kabla ya wakati, amebeba sinia ya chai. Meneja akauliza huyu ni nani. Baba akajibu, “Ni mtumishi wetu.” Bibi, ambaye hakuelewa neno hata moja, alimtabasamia mgeni, akaweka sinia mezani, akamimina.

Baada ya kusema hayo mzee akaitazama kamera, akasema maneno machache kwa ile lugha aliyoipiga marufuku. Marehemu alikuwa nyuma ya kamera, vipokea sauti masikioni, akayasikia yote wala asielewe hata moja. Mzee aliomba maji. Alifariki tarehe 3 Februari 2017, kabla filamu haijahaririwa.

Hapo ndipo sheria ilipomgeukia aliyeitunga. Mkubwa wa watoto wa Baba alikuwa dada yake. Maneno yale ya mwisho hakuweza kumpelekea mfasiri yeyote, wala mzee mwingine aliyeijua lugha ile, kwa kuwa katika habari ya Baba wote hao ni watu wa nje, na mtu wa nje hatazami kabla ya idhini. Mtu pekee aliyeweza kumwambia Baba alisema nini alikuwa ndiye huyo huyo aliyepaswa kusema ndiyo.

Mwaka 2020, filamu ikiwa tayari, alikwenda na mhariri wake wa picha, ambaye sote tunamwita Mkasi, hadi kwenye chumba cha dada cha kushonea sare za shule. Dada aliitazama juu ya meza ya kukatia, katikati ya vitambaa vya buluu, mpaka mwisho. Akaifunga kompyuta kwa mikono miwili.

“Hapana.”

“Dada, hata hujafikiri.”

“Nimefikiri tangu nina miaka sita. Wewe umeanza juzi.”

“Baba ndiye aliyeniita. Mimi sikumlazimisha.”

“Baba aliita wengi katika maisha yake. Hapana ni hapana, mdogo wangu. Nipe mkasi. Si huyu wako, huyu atanikatia mtu.”

Mkasi husema kwamba walicheka wote watatu, na kwamba walipofika barabarani marehemu aligeuka mara mbili kuutazama mlango.

Alirudi mwaka uliofuata, na mwaka uliofuata tena. Tamasha moja la mbali liliiomba filamu kwa kusikia habari zake tu. Akajibu kwamba haiko tayari. Mkasi alimshauri kwa nia njema.

“Mama, sheria ni yako. Aliyefunga ndiye afungue.”

“Nikifungua kwa sababu huyu ni dada yangu, wale wengine niliokata filamu kwa neno lao nitawaambia nini? Kwamba wao hawakuwa dada zangu?”

Mwezi Februari 2023 madaktari waligundua saratani ya kongosho, nayo ilikuwa imekwisha kupita mahali pa kupasuliwa. Marehemu hakuuliza atapona lini. Aliuliza atakuwa na akili timamu hadi lini. Tangu siku hiyo tulimwona akikata tamaa mbele ya macho yetu, naye hakutuficha. Kwanza alijaribu kumtoa Baba katika filamu. Yeye na Mkasi walifanya kazi hiyo katika sebule yao, mapazia yamefungwa, yeye amelala kwenye kochi akielekeza kwa kidole. Waliondoa kisa cha sinia. Kilipoondoka, wazee wengine wote wakawa wanazungumzia jambo ambalo halionekani. Wakajaribu kubakiza uso wa Baba bila sauti. Marehemu alitazama dakika chache, akasema, “Mzime, mzime. Nimemfanya kama alivyomfanya Bibi.” Alilia siku hiyo kwa namna ambayo mumewe anaomba asiulizwe habari zake. Picha zilirudishwa mahali pake.

Baada ya hapo aliomba kama mtu anayezama. Alimtuma binti yake, dada akamrudisha na mkate na salamu. Alimtuma jirani wa zamani wa safu ya pili, naye akarudi mikono mitupu. Mwezi Machi mwaka huu alikwenda mwenyewe kwa teksi. Maumivu yalimkaba mlangoni, akaketi kwenye kizingiti cha chumba cha kushonea, asiweze kuingia wala kuondoka. Dada aliacha cherehani, akaketi sakafuni, akamvua viatu, akamkanda miguu iliyovimba kwa muda mrefu.

“Unanikanda miguu, Dada, na unaninyima neno moja.”

“Miguu naiweza.”

“Mimi ninakufa.”

“Najua. Ingekuwa huna hilo la kuniambia ningekuwa nimekwisha kukufukuza.”

Tarehe 15 Juni alilazwa kwa mara ya mwisho, wodi ya wanawake, kitanda cha dirishani. Dada alifika mchana, akaomba aonyeshwe tena sehemu ya Baba. Mkasi alishika kompyuta juu ya kitanda. Dada aliitazama, akasema arudishe nyuma kidogo, akaitazama tena. Marehemu hakuitazama picha ya baba yake. Alikuwa akimtazama dada.

“Maneno yale ya mwisho,” akasema dada, “Baba hakukuambia wewe.”

“Alikuwa ananitazama mimi.”

“Alikuwa anaitazama mashine. Alijua itafika kwangu, kwa sababu ya hiyo sheria yako. Unadhani nani alikuwa akimpelekea Bibi ujumbe? Baba aliapa hatasema lugha ile tena. Basi alikuwa na mimi. ‘Mwambie asitoke.’ ‘Mwambie asikohoe, kuna wageni.’ Siku ya sinia nilikuwa nimesahau kumwambia.”

Marehemu alimwashiria Mkasi aifunge kompyuta.

“Dada,” akasema, “filamu iache. Iache kabisa, sitaiomba tena. Niambie tu Baba alisema nini. Nisife sijui.”

Dada alifungua kinywa. Muuguzi aliyekuwa akibadili dripu kitanda cha pili anasema aliona kabisa kwamba ataongea. Kisha akavaa mtandio wake sawasawa, akasema, “Kesho, mdogo wangu. Nipe mpaka kesho.”

Usiku huo marehemu alipoteza fahamu, na hakuzinduka tena. Dada alirudi asubuhi, akapelekewa kiti. Tangu hapo hakutoka isipokuwa kunawa. Muuguzi huyo huyo ametueleza kwamba kila siku, wodi ilipotulia baada ya mzunguko wa madaktari, dada aliinama karibu na sikio la marehemu akawa anazungumza naye kwa muda mrefu, kwa lugha ambayo muuguzi hakuwahi kuisikia. Huyo aliyekuwa akizungumzishwa hakuijua pia. Hata kama masikio yake yalikuwa yakisikia, hakuna neno ambalo angelielewa. Tulipomwuliza dada kwa nini hakutumia lugha ya sote, alijibu kwamba alijaribu, na kwamba mambo yale hayakukubali.

Marehemu alifariki tarehe 21 Juni 2024, saa nne asubuhi, akiwa na umri wa miaka sitini, mkono wake mmoja ukiwa katika mkono wa mumewe na mwingine katika wa dada.

Wasifu huu haukupigwa chapa kabla ya kusomwa mbele ya kila aliyetajwa ndani yake, kwa kuwa yeye asingekubali vinginevyo. Dada aliusikiliza juzi, katika chumba cha kushonea. Tulipofika kwenye kisa cha sinia tulisita, tukamwambia kwamba kitaondolewa akisema neno moja. Akasema, “Andikeni. Na habari yangu ya kusahau, iandikeni pia. Ninyi mmeniomba mara moja tu. Yeye aliniomba miaka minne.” Tukamwuliza na filamu je. Alitikisa kichwa, akasema ‘ndiyo’ ya filamu ilikuwa ya kumpa mdogo wake, na mdogo wake hayupo wa kupewa. Tukamwuliza maneno ya Baba. Akaomba tuendelee kusoma.

Kwa hiyo hakuna filamu itakayoonyeshwa leo jioni, kama wengine walivyotarajia. Imefungiwa kwa Mkasi, imekamilika, na hakuna aliye na haki ya kuifungua. Tunawaomba msimkere dada kwa swali hilo, msibani hapa wala baadaye. Hatuna faraja ya kuwapa mahali hapa. Marehemu alitumia kazi yake yote kuwapa watu nafasi ya kusema hapana, na alipoambiwa hapana, aliistahi mpaka ikamwua moyo kabla ya ugonjwa kummaliza.

Ameacha mume, fundi wake wa vyombo. Binti mmoja na mkwe. Mjukuu mmoja wa kike ambaye hajaanza kusema. Dada yake mkubwa. Mhariri wake Mkasi, aliyekuwa kwake kama mwana. Na watu wote wa filamu zake sita walioketi mbele yake, wakajitazama, wakakubali.

Apumzike kwa amani, ingawa hakuondoka nayo.